Shimo la Watu Sita

Asubuhi ya Ijumaa mke wangu alimimina chai vikombe viwili. Changu akanipa, chake akakifunika na kisahani, maana alikuwa bado anatafuta kiatu cha kushoto. Kilikuwa uvunguni mwa kitanda. Nilikiona, nikanyamaza, nikamwacha azunguke chumba mara mbili.

"Umekaa kama mkwe," akasema.

"Kipo uvunguni."

"Tangu lini unajua?"

"Tangu ulipoanza kukitukana."

Akainama akakitoa. Alikuwa na miaka sitini na mitatu na bado aliinama bila kushika ukuta. Mimi siwezi. Mgongo wangu niliuacha mashimoni.

Akaketi kunywa chai yake. "Wageni wa leo wamemwambia bosi ni kumi na wawili," akasema. "Na mtu akisema kumi na wawili, wewe tandika kumi na wanane."

"Si kibao kinasema mwisho kumi na wawili?"

"Kibao kinasema la bosi. Nyumba ingekuwa na mdomo ingesema sita. Na wewe unajua."

Nikanywa chai.

"Nenda kamwambie, baba."

"Jumatatu."

"Jumatatu yako haina wiki."

Alicheka kidogo. Akaniambia chakula cha mchana kiko sufuriani, nisikiache mpaka kikaota ndevu. Akachukua mfuko wake wa nguo za siku tatu, kwa sababu wageni wakiwepo alilala kulekule kwenye nyumba aliyoitunza, chumba cha nyuma. Akatoka. Sikumsindikiza mlangoni. Hatukuwa watu wa kusindikizana.

Mimi ni mchimba mashimo ya vyoo. Nimechimba miaka arobaini na moja. Mtaani waliniita Bwana Chini. Watu wakija nyumbani kuuliza, "Bwana Chini yupo?" mke wangu aliwajibu, "Leo yuko juu. Juu ya kitanda." Yeye alikuwa akifua mashuka hospitali. Alifua miaka kumi na saba. Kusoma hakujua, kama mimi, lakini kwenye hesabu hukumshika. Mashuka mia mbili yakiingia, mia mbili yalitoka, na likipungua moja alijua ni la wodi gani. Nilimpata hapo hospitali. Nilikuwa nachimba nyuma ya chumba cha kufulia, naye akaja ukingoni akaniuliza kama huko chini kuna baridi. Nikamwambia aje aone. Akasema, "Mwanamume anayekukaribisha shimoni si wa kumwamini." Mwaka uliofuata akanikubali. Tulizaa watoto wawili. Tulibakiwa na binti.

Nyumba ile ya wageni iko mwisho wa barabara ya changarawe. Ukuta mweupe, geti la bluu, vyumba vitatu chini na kimoja juu. Mwenyewe aliijenga kwa ajili ya watu wa siku mbili tatu, wale wanaokodi kwa simu, wanakuja na masanduku yao na muziki wao, kisha wanaondoka. Yeye anaishi mbali. Alinipa kazi ya shimo. Tulipatana futi kumi na nane.

Kwenye futi ya kumi nikakuta mwamba.

Nilipiga mtaimbo siku nne. Mwamba ukanirudishia cheche. Kilichotakiwa ni kupanda juu, kumwambia mwenye nyumba hapa hapafai, tufukie tukachimbe upande wa pili. Hilo ndilo la fundi. Lakini mimi sikuwahi kushindwa na shimo. Mji mzima ulijua hivyo, na aliyeuambia ni mimi.

Mwenye nyumba akaja kupima, amevaa viatu safi. Akasimama mbali kidogo na tope. Nilikuwa na kamba yangu yenye mafundo, kila futi fundo moja. Nikaiteremsha. Ilipogusa mwamba sikuisimamisha. Niliendelea kuiachia, ikajikunja kule chini kama nyoka aliyeshiba. Yeye akahesabu mafundo yaliyopita mkononi mwangu. Kumi na nane. Akaandika kwenye karatasi ya kupeleka ofisi ya afya ya mji. Akanipa mkono. Mimi nikajengea tofali, nikamwaga zege juu, nikaweka mfuniko.

Siku ileile akaniuliza kama mke wangu angependa kumtunzia nyumba. Hospitali ilikuwa imeshampumzisha. Alifurahi sana. Jioni, kabla hajaanza hiyo kazi, nikamweleza habari ya kamba. Sikuweza kumwacha aende bila kujua. Nikamwambia kwa udongo ule, shimo la futi kumi linakunywa maji ya watu sita, linalala, linaamka na njaa. Wakizidi sita, linaamka limeshiba.

Hakunipigia kelele.

Miaka tisa mke wangu alisimama getini na ufagio, anafagia mahali pasipo na takataka, anahesabu vichwa. Wageni walimfanyia kila ujanja. Walishushana kwenye kona wakaja wawili wawili. Walilaza watoto chini ya viti vya gari. Mara moja alimwambia dereva, "Baba, kiti chako cha nyuma kinakohoa." Wakatoka watoto watatu na shangazi yao.

Akishindwa getini alihesabu viatu mlangoni. Viatu vikifichwa alihesabu miswaki. Miswaki ikifichwa alisubiri asubuhi, akaangalia mito, akajua vichwa vingapi vimelala wapi na nani hakulala. Walipozidi alitafuta kisa. Mashuka yako kwa dobi. Mito imelowa. Chumba cha juu kina popo. Alipata jina, Mama Sita. Hakuna aliyejua kwa nini sita. Walidhani ni roho mbaya tu, wengine huzaliwa nayo.

Na wakishaingia wakawa wengi, alikuwa na dawa moja ya mwisho. Alifunga koki ya tangi kuanzia saa nne asubuhi mpaka saa kumi alasiri, shimo lipumue. Aliwaambia maji yamekatika mtaa mzima. Mgeni mmoja alichungulia nje akaona jirani anamwagilia maua.

"Mbona yule anayo?"

"Yule ana kisima."

Jirani hakuwa na kisima.

Wageni wakiondoka walikuwa wakiandika maoni yao kwenye simu. Mwenye nyumba alimsomea. Nyumba nzuri, mtunzaji mkali, anatuhesabu kama mbuzi. Mke wangu akamjibu, "Mbuzi hawadanganyi idadi, bosi." Alinisimulia hilo tukacheka. Lakini siku hiyo alikula kidogo.

Mwenye nyumba mwanzoni aliandika mwisho wa wageni ni sita, kwa sababu ya vitanda. Baadaye akawa wanane. Kisha akaleta vile vitanda vya mtu juu mtu chini, kibao kikasema kumi na wawili. Ofisi haikumkatalia. Karatasi yake ilisema futi kumi na nane. Gari la kunyonya maji machafu likawa linaitwa kila baada ya miezi miwili, naye akauliza shimo jipya linajaaje hivyo. Mke wangu akasema watoto wa wageni wanatupia vitu chooni. Alisema uongo mwingi kwa ajili yangu. Kabla ya hapo sikumjua kwa uongo.

Wiki tatu kabla ya Ijumaa ile alirudi nyumbani akaweka ufagio pembeni, akakaa chini bila kuvua kanzu ya kazi.

"Ameleta tangi la pili," akasema. "Na ile koki ameitilia kufuli. Wageni wamelalamika maji."

"Ufunguo?"

"Anao yeye. Nimebaki na mdomo." Akanitazama. "Zamu yako sasa, mzee."

Nikamwambia Jumatatu nitampigia simu. Ikapita moja, ikapita ya pili, ikapita ya tatu. Simu nilikuwa nayo mfukoni.

Jumapili, mchana, akanipigia yeye.

"Wako wangapi?" nikamuuliza.

"Kumi na tisa. Nimehesabu viatu mara mbili. Na magari matano, pa kuyaweka hamna. Moja walilisimamisha juu ya shimo tangu Ijumaa. Nimeomba siku mbili, leo ndipo wamelitoa. Zege limepasuka kwa pembeni."

"Vyoo?"

"Cha chini kinarudisha. Wanadhani nimefanya mimi."

"Usisogee pale shimoni."

"Watoto wanapita na mpira. Nitazungushia viti."

"Usisogee. Ngoja nije."

"Basi njoo kweli. Usiniletee Jumatatu."

Nikapanda pikipiki. Nilimwambia dereva akimbize, akanijibu, "Babu, mifupa yako hiyo." Nikamwambia mifupa ni yangu.

Nilipofika geti lilikuwa wazi. Watu walikuwa wamesimama uani kimya, na ua ule haukuwahi kuwa kimya ukiwa na wageni. Walijitenga mbali, nusu duara. Viti vitatu vya plastiki vilikuwa vimepangwa. Mbele ya viti, pale nilipomwaga zege, palikuwa na uwazi.

Mama mmoja mwenye kofia pana ndiye aliyenieleza. Alisema bibi alikuja kuchukua viti walivyokalia. "Nikamwambia, bibi, hata kukaa tumezidi? Akaniambia, simama mwanangu, nikukopeshe miguu yako mwenyewe. Tulicheka. Nilidhani anatukomoa tu. Akabeba kiti changu, akaenda nacho, na hapo ardhi..." Kiti chake kilikuwa cha nne.

Zege halikuvunjika chini yake. Udongo wa pembeni ndio ulioondoka. Ulikuwa umekunywa miaka tisa. Ukachukua tofali, tofali zikachukua nusu ya zege, vyote vikaenda naye. Walisema hakupiga kelele.

Kijana mmoja katika wale wageni alishavua shati. Alikuwa na misuli, na moyo pia. Nikamshika mkono.

"Usishuke."

"Babu, kuna mtu mle."

"Najua. Hewa ya mle ukiivuta mara tatu unalala. Nitakuwa na wawili wa kutoa."

"Wewe ni nani?"

"Mimi ni mumewe."

Akanitazama. Kisha akavaa shati lake. Sijui alichofikiri juu yangu. Mume amesimama ukingoni anazuia watu. Nilimwita mke wangu kwa jina lake, lile la wazazi wake, mara nyingi. Halikujibiwa. Nilijua yuko futi ngapi chini. Pale uani hakuna mwingine aliyejua.

Zimamoto walikuja baada ya karibu saa nzima. Mkubwa wao aliuliza kina. Mama mwenye kofia alikuwa na mwenye nyumba kwenye simu, sauti imefunguliwa wote tunasikia. Mwenye nyumba akasema, "Futi kumi na nane. Nilipima kwa macho yangu." Wakaanza kuunganisha ngazi ndefu. Ilikuwa inawasumbua, vipande vinakataa.

Nikasema, "Ni kumi."

"Mwenye nyumba anasema kumi na nane, mzee."

"Ni kumi. Nilichimba mimi. Chini kuna mwamba. Leteni ile fupi."

Kwenye simu nikasikia, "Kumi?" Wakateremsha ngazi fupi. Ikasimama.

Walipomtoa walimfunika mapema, lakini niliomba nimfute uso. Mmoja wao akanipa maji ya chupa. Kiatu cha kushoto hakikuwepo.

Siku ya maziko mwenye nyumba alikuja, akalia kweli, sitamsingizia. Alibeba jeneza pamoja na wengine. Binti yetu alinishika mkono muda wote kama mimi ndiye mtoto. Jirani yetu, mshona viatu, akaninong'oneza, "Mficha maradhi kifo humuumbua." Alikuwa anamsema mwenye nyumba. Nikaitikia kwa kichwa. Hakujua anamwambia nani.

Siku ya tisa mwenye nyumba akaja kwetu peke yake. Alikaa kwenye kiti cha mke wangu, hakujua kuwa ni chake. Akatoa karatasi. Akanisomea. Ilisema marehemu alifungua mfuniko wa shimo kinyume cha maagizo, akateleza. Pale chini palikuwa na nafasi ya dole gumba langu.

"Hakufungua mfuniko," nikasema.

"Mzee, ni maneno tu, ofisi imalize kazi yake. Wewe umepoteza, mimi nimepoteza. Tufunike kombe."

"Kamba ilikuwa imelala chini."

"Kamba gani?"

Nikamwambia. Fundo kwa fundo. Alikunja karatasi, akaikunjua, akaikunja tena. Nilidhani atanipiga. Ningemwacha.

"Hayo usimwambie mtu," akasema mwishowe. "Utafungwa, na umri huo. Na mimi nyumba itafungwa. Nitachimba shimo jingine upande wa pili, liwe la haki. Wageni wa mwezi ujao wameshaweka siku yao."

"Wangapi?"

"Kumi na sita. Nimeongeza chumba."

"Getini atakaa nani?"

Akaniuliza kama nina kidau cha wino. Nikamwambia sina, na nikiwa nacho siweki dole. Akaondoka, akaacha karatasi mezani. Labda alidhani nitabadilika.

Binti yangu alinikataza kwenda ofisini. Alisema, "Baba, mama keshakwenda. Ukisema, atarudi?" Nikamwambia hatarudi. Akasema, "Watu watasema baba yangu amemuua mama yangu." Hilo nililifikiria siku mbili. Nilikuwa namwona anaosha vyombo vyangu, ananipa mgongo. Mwishowe nikamwambia karatasi ile inasema mama yake alikuwa mzembe. Mtu aliyehesabu mashuka ya wodi nane. Asubuhi nikakuta amenipigia pasi shati.

Nilikwenda. Ilikuwa Jumatatu, sikuichagua.

Ofisi ya afya ya mji iko ghorofa ya kwanza. Ngazi kumi na tisa, nilipumzika katikati. Afisa ni mwanamke wa makamo, ana miwani inayomshuka puani, mezani kwake mafaili yamefungwa kwa kamba. Nikamwambia nimekuja juu ya nyumba ya geti la bluu. Akaniambia nikae.

Nikamweleza mkataba wa futi kumi na nane, mwamba, na kamba. Akaacha kuandika.

"Baba, unaelewa kwamba unajishitaki mwenyewe?"

"Naelewa."

"Hakuna aliyekutuma?"

"Aliyenituma hayupo."

Akavua miwani akaifuta, akaivaa. Akafungua faili, akatoa ile karatasi ya mwenye nyumba ya zamani, yenye kumi na nane. Akaniuliza shimo la futi kumi, kwa udongo ule, ni la watu wangapi. Nikamwambia sita. Akaandika sita. Aliiandika kubwa, hata mimi niliijua. Alisema nyumba haitapokea mtu mpaka shimo jipya lipimwe na ofisi, kwa fimbo ya ofisi, na idadi ya wageni itatoka hapo, si kwa vitanda. Kuhusu mimi, alisema ni lazima apeleke maneno yangu mbele, polisi wataniita, nisiondoke mjini. Nikamwambia sina pa kwenda.

Kisha akauliza, "Marehemu alijua?"

"Alijua. Tangu siku ya kwanza."

"Na alibaki kufanya kazi pale miaka tisa?"

"Alibaki."

"Alisema nini ulipomweleza? Nataka niandike kama alivyosema."

Nikamwomba aandike polepole, asipunguze wala asiongeze. Nilimwambia mke wangu alikuwa anakunja shuka siku ile, akaliweka kwenye rundo, ndipo akasema: "Basi ni sita. Wakizidi nitagomba mimi, na wanichukie mimi. Ila wewe mwenye shimo utasema siku moja, kwa sababu mimi siwezi kusimama pale getini maisha yangu yote."